Majoho ya Mfalme wa Japani Yaliyoshonwa Yeoville

Wadogo zangu mnaoshika mkasi leo, nisikilizeni. Kama hamtaki, endeleeni kuharibu vitambaa vya watu, shauri yenu. Mimi nimestaafu. Chekeni tu. Nina watoto wawili, wa mwisho bado ananyonya, mvi sijaota hata moja, na nimestaafu. Kuna mfalme mmoja wa Japani aliacha kazi akiwa na miaka thelathini na kitu, tena kwa hasira, na akaishi mpaka akapita themanini. Kwa hiyo msije mkaniambia hasira inaua. Kinachoua ni kuinamia cherehani kutwa nzima bila kunyoosha mgongo, na kumwambia kila mteja kwamba nguo yake itakuwa tayari kesho wakati kitambaa chenyewe bado kiko kwenye mfuko.

Huyo mfalme nitawaeleza vizuri, maana nilimshonea nguo. Amekufa karne nyingi zilizopita, lakini nilimshonea, na ndiye aliyenitoa kazini.

Nilifika Johannesburg mwaka 2008 kutoka Bujumbura, mtaa wa Buyenzi, Sakina akiwa mgongoni na cheti changu cha sekondari kwenye mfuko wa nailoni. Cheti hicho hakuna aliyekitaka. Maman Béatrice, mwanamke wa Bukavu mwenye atelie ya kushona pale Yeoville, katikati ya saluni ya nywele na fundi wa simu, aliniuliza kama najua kufumua. Nikasema najua kushona. Akasema hakuuliza hivyo. Akanipa kiwembe na joho la kwaya lililokosewa, akataka nilifumue lote bila kutoboa kitambaa. Nililia kwa hasira juu ya lile joho. Nilitoboa pia. Ilipita muda mrefu kabla hajaniruhusu kukanyaga cherehani, na wakati huo nilishayajua majoho kwa ndani kuliko wanaoyavaa.

Hilo ni la kwanza la kushika: jifunzeni kufumua. Kata uzi wa upande mmoja kila baada ya mishono michache, halafu vuta uzi wa upande wa pili, utatoka wenyewe kama mnyororo. Ukianza kuvuta kwa nguvu kama mtu anayenyonyoa kuku, nenda kauze nyanya.

Kazi yetu ilikuwa majoho ya makanisa. Yeoville, Bertrams, Troyeville, kila gereji ina kanisa na kila kanisa lina kwaya. Mimi Mwislamu, Ijumaa naenda kuswali Mayfair, Jumamosi nawapima wachungaji vifua. Walinipenda. Nilidhani ni kwa sababu ya mkono wangu, kumbe Maman Béatrice aliniambia ukweli: walinipenda kwa sababu sina kanisa, kwa hiyo siwezi kupeleka habari zao kwa mpinzani.

Mchungaji apimwe mikono ikiwa juu. Andikeni hilo. Joho langu la kwanza nililipima mikono ikiwa chini, kama mtu anayengoja teksi. Jumapili yule mchungaji akainua mikono kuombea watu, mikono ya joho ikapanda mpaka kwenye viwiko, na shati la ndani halikuwa limepigwa pasi. Alimalizia ibada mikono ikiwa mifukoni. Na mwacheni atoe pumzi kabla hamjamzungushia futi tumboni. Wote wanabana tumbo. Wote.

Sheria kubwa ya atelie ilikuwa moja: zambarau, rangi ya maaskofu, haikatwi bila simu. Mchungaji akija kutaka joho la zambarau, Maman Béatrice anampa kiti, anampa chai, halafu anatoka nje kumpigia askofu wa kanisa lake na kuuliza kama mtu huyu kweli amepandishwa cheo. Sheria ilikuwa na chanzo. Kabla sijafika, mchungaji mmoja alishonesha zambarau pale pale kwetu, akaivaa Jumapili, na nusu ya kanisa ikamfuata kwenda kuanzisha kanisa jipya. Askofu aliyebaki na nusu nyingine ndiye aliyekuwa mteja wetu mkubwa. Mzee wa Uvira, mpole, mcheshi, anauliza hali ya mtoto wako kwa jina. Ukitaja zambarau tu, anakaza taya. Kwaya zake, mashemasi wake, watoto wake wa Jumapili, wote tuliwavisha sisi. Siku Askofu akihamia kwa fundi mwingine, tungefunga mlango. Hilo tulilijua wote mle ndani, hata fundi wa simu wa jirani alilijua.

Sasa, mwaka huu wa 2014, kabla ya Pasaka, akaja Miss Thandeka.

Miss Thandeka ni mwalimu wa maigizo katika shule ya Sakina, msichana wa Soweto mwenye sauti ya kuita gari upande wa pili wa robot, yaani taa za barabarani. Alifundisha Kiingereza Japani miaka miwili, akarudi na hadithi ya huyu mfalme, na hakuna aliyeweza kumtoa kwenye hadithi hiyo. Shule nzima ingeigiza maisha yake. Ukumbi wa shule ulikuwa unavuja, kwa hiyo igizo lingefanyika Jumamosi katika ukumbi wa kanisa la Askofu, Troyeville. Maman Béatrice akakubali kushona, akanitupia mimi kazi yote, kwa sababu yeye alikuwa na majoho ya kwaya ya Askofu ya Pasaka, na kwa sababu Sakina naye alipewa nafasi. Mwanangu alichaguliwa kwa kuwa anaweza kukaa bila kucheka. Miss Thandeka aliniuliza kaipata wapi ile sura. Nikamtazama kwa sura hiyo hiyo.

Jina la mfalme lilitushinda, tukamwita Mkubwa. Mkubwa alikalishwa kwenye kiti akiwa kijana wa umri wa sekondari, kumi na tano hivi, katika mji wa Kyoto. Akapewa jumba, makuhani, washairi, watu wa kumwinamia kutwa. Kitu kimoja hakupewa: kazi ya kutawala. Majeshi, ardhi, kodi, vyote vilikuwa kwa shoguni, mkuu wa wanajeshi, aliyekaa mji mwingine mbali, ule unaoitwa Tokyo siku hizi. Mfalme anabariki, shoguni anaamua. Na shoguni hakuona haya. Aliandika sheria za jumba la mfalme, na ya kwanza kabisa ikasema kwamba kazi ya mfalme ni kusoma.

Maman Béatrice aliposikia hivyo aliacha kupiga pasi.

"Sasa huyu njo mfalme ao mwanafunzi wa internat?" Internat kwao ni shule ya bweni.

Mimi niliposikia kwamba shoguni ndiye mwenye nguvu, nikamshonea kama mwenye nguvu. Nikamwekea mistari ya dhahabu mabegani, vifungo vinavyong'aa, utepe wa kifuani, jenerali mzima mzima. Mfalme nikamshonea joho la heshima tu. Miss Thandeka alikuja kuona, akacheka mpaka akakaa juu ya vitambaa. Akanieleza kwamba Japani ilikuwa kinyume: shoguni anavaa nyeusi ya kawaida, mfalme ndiye anavaa rangi ambayo hakuna mwingine anayeruhusiwa, kahawia yenye manjano, kama chai ya maziwa iliyozidi majani. Nikafumua dhahabu yote huku nikiwatukana wanaume wanaotawala wakiwa wamevaa vibaya kusudi usiwaone.

Kofia ya mfalme ndiyo ilinitesa. Ni nyeusi, ndogo, na nyuma ina mkia mwembamba unaosimama wima kuelekea mbinguni. Wa kwangu uliinama. Nikaweka waya wa hanga, ukamchoma kijana sikioni. Mwisho nikakata kopo la aiskrimu, nikalifunika kwa kitambaa chepesi cheusi, ukasimama kama askari. Chochote kinachotakiwa kusimama, tafuteni kopo la aiskrimu.

Mkubwa akaoa. Yaani akaozwa: shoguni alimtuma binti yake, na msafara wa mizigo ulioziba barabara, ili mtoto atakayezaliwa awe na damu ya kwao. Binti alikuwa mtu mwema, na wanasema walipatana. Lakini Maman Béatrice alisikitika sana. Alisema kukaa kwa bakwe, yaani wakwe, ni kubaya, na kukaa nyumbani kwako halafu ukute bado ni kwa bakwe ni kubaya zaidi. Nguo za bibi harusi ni tabaka juu ya tabaka, rangi zinachungulia mikononi. Mtoto wa shule ukimvisha zote ataanguka kwa joto. Mimi nilishona joho moja tu, nikaongeza vipande vya rangi kwenye kingo za mikono na shingoni peke yake. Kutoka viti vya nyuma anaonekana amevaa sanduku zima la nguo.

Halafu tukafika kwenye zambarau, na hapo ndipo nilipopandisha hasira.

Mfalme alikuwa na kitu kimoja kilichobaki mkononi mwake. Mtawa mkubwa wa hekalu kubwa akionekana anafaa, mfalme anampa joho la zambarau. Ni heshima ya juu kabisa, na ilitoka kwa mfalme tangu zamani. Mkubwa akawapa watawa majoho, kama baba yake na babu zake. Shoguni akasema hapana, zambarau bila ruhusa yangu ni batili. Majoho yaliyokwishatolewa yakafutwa. Watawa waliolalamika wakapelekwa uhamishoni, huko kwenye baridi.

Nilisimamisha cherehani. Nilimwambia Miss Thandeka nguo ukishampa mtu ni yake, haifutwi, si ubao wa darasani. Tumbo langu lilikuwa la mwezi wa nane, na kila kitu kilinikasirisha, lakini hili hata bila tumbo lingenikasirisha.

Mkubwa naye alikasirika. Akaacha kazi. Hakumwambia shoguni, hakuomba ruhusa, aliamka siku moja akasema mimi si mfalme tena. Kuna wanaosema alikuwa na jipu, na dawa ya jipu kwao ni kuchomewa majani juu ya ngozi, na mwili wa mfalme ni mwiko kuchomwa, kwa hiyo ilibidi awe mtu wa kawaida ili atibiwe. Mimi naamini jipu na naamini hasira. Vinakaa mtu mmoja vizuri tu. Kwenye kiti akamweka binti yake, mtoto ambaye ndiyo kwanza anaanza kung'oka meno, mjukuu wa shoguni yule aliyemleta bibi harusi. Mwanamke hakuwa amekalia kiti kile kwa mamia ya miaka. Yeye Mkubwa akaenda zake kwenye mashairi, akajenga bustani mlimani zenye nyumba za chai, akaona shoguni mmoja anaingia na mwingine anatoka.

Yule mtoto aliyekalishwa kwenye kiti ndiye Sakina.

Na sasa kosa langu, ambalo hakuna Mkristo angelifanya. Majoho ya watawa niliyakata kwenye zambarau ile ile ya maaskofu, satini nzito, nilienda kuinunua mwenyewe Fordsburg. Sikupiga simu. Kichwani mwangu sheria ilikuwa ya wachungaji wakubwa wenye ndevu. Watawa wangu walikuwa watoto wa darasa la nne wanaolambiana barafu. Nikashona, nikapiga pasi, nikayatundika dirishani ili pindo zinyooke, maana satini lazima ining'inie kabla ya kumaliza pindo, la sivyo itarefuka upande mmoja mteja akishaivaa.

Askofu akaja kujaribu joho lake. Alisimama mlangoni, akatazama dirisha, akanitazama.

"Binti wa Buyenzi, hawa maaskofu wafupi ni wa kanisa gani?"

Nikamjibu si maaskofu, ni watawa wa Japani.

"Na aliyewapa zambarau ni nani?"

"Mfalme, Baba."

Nikamweleza hadithi yote, mfalme, shoguni, uhamisho. Alisikiliza vizuri, hata akasikitikia wale watawa. Halafu akasema waumini wake hawataona Japani, wataona zambarau. Wataiona ndani ya ukumbi wake, mabegani mwa watu ambao yeye hajawawekea mikono, na Jumapili inayofuata kila shemasi mwenye hamu atauliza na mimi je. Alishaona nusu ya kanisa ikitoka mlangoni kwa sababu ya joho moja. Hakupandisha sauti. Akasema tu kwamba Jumamosi akiona joho la zambarau ukumbini, majoho ya Pasaka ya kwaya atampelekea fundi mwingine, na mengine yote baada ya hapo.

Nikamgeukia Maman Béatrice. Nilijua angesema kitu. Ni mwanamke aliyewahi kumfukuza mteja kwa rula.

"Itakuwa nyeusi, Baba Askofu," akasema. Halafu kwangu: "Mama Sakina, leta kiwembe."

Wadogo zangu, nilisema maneno. Nilimwambia mbele ya Askofu na mbele ya mteja aliyekuwa anangoja zipu kwamba yeye si patronne, si bosi, yeye ni mfalme wa Kyoto, amekalia kiti kizuri na sheria inaandikwa na mtu mwingine. Nikamwambia watoto wamefanya mazoezi mwezi mzima, na igizo lote linasimama juu ya hayo majoho, ukiyatoa imebaki hadithi ya mtu aliyeacha kazi kwa jipu. Maman Béatrice alinyoosha mkono kungoja kiwembe.

"Fumua mwenyewe," nikasema.

Nikatoa futi shingoni, nikaikunja, nikaiweka juu ya cherehani. Nikachukua mkoba. Nikamchukua Sakina aliyekuwa chini ya meza anakusanya vifungo. Nikatoka. Askofu alinipisha mlangoni na kunitakia nijifungue salama, jambo lililonikasirisha zaidi.

Baba Sakina ni mlinzi Sandton. Aliporudi nikamwambia nimestaafu. Akatazama tumbo, akasema, "Eish, Mama Sakina, si ungengoja basi ujifungue." Nikamwambia Mkubwa hakungoja. Akauliza Mkubwa ni nani.

Nikampigia Miss Thandeka. Akasema usijali, Maman Béatrice ameshamwambia majoho yatakuwa meusi na yatakuwa tayari. Nilikata simu. Sakina akaniuliza, kwa Kiingereza kama kawaida yake, kama yeye bado ni mfalme. Huyu mtoto Kiswahili anakisikia chote, ila mdomoni hakitoki. Nikimsemesha Kiswahili anajibu Kiingereza, nikimgombeza anajibu Kizulu. Nikamwambia ndiyo, bado ni mfalme. Akauliza sasa kwenye sehemu yake atawarudishia watawa nini. Maana hiyo ndiyo ilikuwa kazi yake. Ndivyo ilivyokuwa kweli Japani: watawa walisamehewa baadaye, na zambarau ikarudi wakati yule binti yuko kwenye kiti. Miss Thandeka aliliweka mwishoni. Mtoto anakaa tu muda wote, kisha anasema sentensi moja ya Kiingereza, kwamba anawarudishia.

Jumamosi ukumbi ulijaa. Mama wa Kikongo na vitenge vyao, Wazimbabwe, bibi za Kizulu, Wasomali wawili watatu kutoka Mayfair. Askofu mstari wa mbele, mwenye nyumba. Maman Béatrice pembeni yake, amevaa vizuri, anampepea kwa karatasi ya programu. Nilikaa nyuma kabisa ili nisimwone, na nikamwona muda wote.

Watawa wakaingia. Majoho meusi. Meusi mazuri, pindo zimenyooka, lazima nilikubali. Mfalme na mkia wake wa kopo la aiskrimu akainuka, akanyoosha mkono juu yao. Watawa wakavua majoho, wakayapindua mara moja kama mtu anavyopindua soksi, wakavaa tena. Zambarau. Ukumbi mzima ukavuta pumzi.

Hakufumua. Yule mwanamke hakufumua hata mshono. Alishona meusi mapya, akayaunga na yale yangu, mgongo kwa mgongo. Mnajua ugumu wa joho la pande mbili? Unaunganisha kingo zote zikiwa ndani nje, unaacha mwanya mdogo ubavuni, unalipitisha joho zima kwenye huo mwanya, halafu mikono inajisokota na unataka kulia, halafu unaziba mwanya kwa sindano ya mkono ili usionekane upande wowote. Moja ni kazi ya siku. Yeye aliyashona yote, peke yake, na ya kwaya juu yake.

Askofu akawa ameshaanza kuinuka. Maman Béatrice akamshika mkono wa joho. Sikuwasikia, lakini alinisimulia baadaye.

"Joho ni nyeusi, Baba. Ile ni bitana."

"Bitana."

"Bitana tu. Muliniambia joho, hamukuniambia bitana."

Askofu akakaa, taya imekaza. Shoguni akaingia na nguo yake mbaya, akapiga mguu chini, akatangaza zambarau ni batili. Watawa wakapindua tena, nyeusi. Na katika ukumbi ule wote uliokuwa unazomea, mtu mmoja alipiga makofi. Askofu. Makofi ya dhati, ya mtu aliyepata kiongozi mwenye akili. Hata shoguni alishangaa, akampungia mkono.

Mfalme akaacha kazi. Akavua kofia, akaiweka juu ya kiti, akatoka. Nililia, semeni mnavyotaka. Kisha akaingia mwanangu, mdogo kama thumni, mdomo umenuna, akapanda kwenye kiti na kukaa. Miss Thandeka alikuwa amemfundisha mfalme hainuki kwa mtu yeyote. Watawa wakapiga magoti mbele yake. Ilikuwa waingoje sentensi yake ndipo wapindue, lakini watoto hawana subira, wakapindua. Zambarau tena, safu nzima.

Hapo Askofu alisimama kabisa. Nadhani alisahau alipo. Kwa sauti yake ya mimbarini, kwa Kiswahili, akauliza:

"Sasa ni nani tena amewaruhusu hawa?"

Miss Thandeka kule pembeni akaziba mdomo. Nikajua tumekwisha: igizo limekwisha, kwaya imekwenda, Maman Béatrice amefungiwa mlango, na mimi ndiye niliyenunua kile kitambaa. Nikaanza kuinuka na tumbo langu.

Sakina alimtazama. Hakujua kama huyu mzee hayumo kwenye igizo. Kwake yeye ni mtu ameuliza swali, na swali lilimhusu mfalme, na mfalme ni yeye. Na kwa kuwa lilikuja kwa Kiswahili, akalijibu kwa Kiswahili, mtoto ambaye sijawahi kusikia akimwomba mtu maji kwa lugha hiyo.

"Ni mimi. Mimi ndiyo mfalme. Kaa chini."

Hilo la mwisho anajua kulisema vizuri kwa sababu ndilo ninalomwambia kutwa.

Askofu alibaki amesimama. Watawa wakamtazama, shoguni akamtazama. Taya yake ikafanya kitu, nikadhani ni hasira, kumbe ilikuwa inalegea.

"Sawa, Mkubwa," akasema. Akakaa chini.

Ukumbi ulilipuka. Bibi wa Kizulu pembeni yangu, ambaye hakuelewa hata neno, alipiga vigelegele vya mwaka mzima. Maman Béatrice alikuwa ameinama, mabega yanatikisika, programu usoni.

Watu walipoanza kuinuka alinifuata kule nyuma. Hakutaja maneno niliyomtukana na mimi sikuyataja. Aliniambia mikono ya satini inateleza, kwa hiyo aliibana kwa mishono miwili kwapani isijisokote, nikamwambia nimeona, ni nzuri sana. Aliniambia Askofu amemuuliza kama majoho ya kwaya yatakuwa tayari Alhamisi. Akaniambia Jumatatu nije. Nikasema hapana, mfalme akishaacha kazi harudi, anatafuta bustani. Akacheka. Alisema atanitunzia futi yangu, na akaniambia kwamba yeye, akiwa kwenye kiti kile, hawezi kuacha kazi, kwa hiyo inabidi ajue kushona pande mbili. Nimelifikiria hilo mara nyingi nikiwa nanyonyesha. Kuna wa kutoka kwa hasira na kuna wa kubaki na sindano. Mkiweza kuchagua, chagueni mapema, na mjue mgongo wenu.

Tulipokuwa tunaongea, Askofu alikuwa anapanda jukwaani kuwapa watoto mkono. Akawapa watawa, akampa shoguni, akamshika bega. Akafika kwa Sakina, ambaye bado amekaa kwenye kiti, hakuna aliyemwambia igizo limekwisha. Akamnyooshea mkono. Sakina hakuinuka. Nikataka kupiga kelele kutoka kule nyuma asimame, amwamkie mzee. Maman Béatrice akanibana kiwiko.

Askofu alingoja kidogo. Halafu, polepole, kwa sababu ya magoti yake, akainama yeye.